Baba hayumo kwenye filamu

Mwanamwema shoga, nimejifungia chooni, sina uso wa kutoka.

Hayumo. Wallahi Baba hayumo! Ile filamu ya maisha ya yule mwandishi wake wa Kifaransa imeonyeshwa leo mchana kwenye TV, na Baba hayumo.

Kuna mikono. Mikono yake tu, inafunua daftari. Jina hakuna.

Na walikuja hapa Wembley kumrekodi siku mbili nzima! Miaka ishirini na sita Baba anamtafsiri yule mtu kwa Kiswahili. Msimulizi kataja lugha zote alizotafsiriwa, Kiswahili hakukitaja.

Na Baba alialika watu, shoga. Hansa jirani kaja na familia yake yote. Kila uso ukitokea anauliza, "Sasa ndio wewe, Bwana Abdulsamad?"

Baba anajibu, "Bado."

Bado. Bado. Mpaka ikamalizika.

Akawaambia, "Labda nimo sehemu ya pili."

Nikamfuata jikoni. Nikamwambia, "Baba, hakuna sehemu ya pili."

"Najua, mwanangu," akasema. "Lakini wao hawajui."

Akabeba sinia la chai, akarudi kwa wageni.