Mize Arudi Kiegeani

Jumatatu, 9 Agosti 1999
Tumefika Mafia! Nimetapika tangu Dar. Kundi zima chali – isipokuwa Mize. Yeye kakaa anatafuna muhogo, anatazama maji. Na anasema kwao Tabora!
Kilindoni tumenyimwa vyumba. Mama mwenye nyumba kauliza kazi yetu. Evaristo, kiongozi wetu, kajibu: maigizo. Mlango ukafungwa. Hapangishi wahuni. Tunalala darasani, sakafuni.

Jumanne, 10 Agosti
Onyesho la kwanza. Evaristo ni mvuvi wa baruti, Mize mjane wake. Tukazomewa – eti tumetumwa na watu wa hifadhi ya bahari! Evaristo kapigwa kidaka cha nazi begani, akaendelea kufa vizuri tu. Mize alipoanza kulia, waliozomea wakaketi.
Sokoni kajifunika kanga, yakabaki macho. Anamkwepa nani?

Jumatano, 11 Agosti
Kesho tunacheza Kiegeani. Mize kusikia, kaangusha sahani. Kaniomba niwe mjane mimi, yeye apige ngoma. Nikambana aseme.
Kumbe kwao ndiko! Alitoroka na kundi la maigizo ana miaka kumi na tisa. Baba yake, Mzee Shamte, akatangaza binti kafa. Akamsomea hitima. Miaka kumi na miwili sasa.
Mama je? Alifariki. Habari zilimkuta Songea, katikati ya onyesho.
“Nikamaliza mchezo,” kasema. Basi.

Alhamisi, 12 Agosti
Nimesahau maneno! Evaristo, maiti, ananinong'oneza kutoka chini – watu wanakufa kwa kicheko. Ndipo Mize akaacha ngoma, akaingia, akalia. Si maneno ya mchezo. Alimlilia mama yake, kwa jina: Arafa.
Mzee mmoja akainuka, akaja hadi katikati. Makofi! Wakadhani ni mwenzetu. Akawanyamazisha kwa mkono.
“Huu si mchezo. Huyu ni Mize wangu.”
Akatoka.
Sasa kaketi peke yake kwenye benchi mbele ya shule tulikochezea. Hajamwita Mize, hajamfukuza. Dereva wa gari letu anapiga honi. Naandika hapa kizingitini mwa darasa, Mize kasimama kando yangu, bado na vumbi la uwanjani magotini.
“Happy, nianze na shikamoo, au nianze kuomba radhi?”
Ananiuliza mimi! Baba yangu kule Dodoma anajua nafundisha chekechea.
Mzee kasogea pembeni ya benchi. Pamebaki nafasi ya mtu mmoja. Mize haendi, harudi. Naweka kalamu, nimsindikize.