Nyayo za Kuku Pale Bomba

Nekesa, nani alikuambia kwetu hakuna kitu? Umelelewa na soko la Chwele. Nguo yako ya kwanza ya shule ilitoka Chwele. Halafu unafika Ulaya unaambia watu ati kwenu ni soko tu, hakuna cha kuonyesha. Aibu hukuona?

Leo ni Alhamisi. Asubuhi hapa Saboti kulikuwa na ukungu, mlima haukuonekana kabisa, lakini mchana jua lilitoka vizuri. Nimerudi nyumbani miguu inauma na moyo umetulia. Naandika kabla chai haijapoa.

Kwa wale hawanijui: mimi ni Nelima, niliacha shule darasa la nne, na makosa yangu ya kuandika hayamhusu mtu. Nekesa ni mjukuu wangu, huniita kukhu, yaani nyanya. Anatunza wazee katika mji mdogo huko Ucheki, jina lake sijaribu hata kulitamka. Yeye ndiye alinifungulia hii blogu, nafikiri ni ili nipunguze kumpigia simu.

Juzi alinitumia picha nyingi na ujumbe wa sauti. Jumamosi hii ukumbi wa mji wao utaonyesha picha za mji wenyewe pamoja na za makwao ya wageni wanaoishi pale, na yeye peke yake hana. Sauti yake ilikuwa chini kama ya mtu amefiwa. "Kukhu, huku kila jiwe lina hadithi. Sisi tuna nini?"

 Niliangalia picha zake kwanza.

Mji wao ni mzuri, siwezi kudanganya. Katikati ni uwanja wa soko wa mawe, nyumba zimeuzunguka pande nne, rangi ya waridi, rangi ya siagi. Anasema mfalme wa zamani ndiye aliwapa ruhusa ya kuuza ng'ombe na chumvi pale. Sisi hatukungoja mfalme, tulileta ng'ombe tukauza. Kuna kanisa lenye paa kama kitunguu. Kuna nguzo ndefu yenye Bikira Maria juu, waliijenga wale waliobaki baada ya tauni kumaliza watu. Hiyo niliiangalia sana. Mtu anazika watoto wake, halafu anapata nguvu ya kubeba jiwe kushukuru.

Lakini picha moja ilinichekesha. Ni jiwe la mlango wa kanisa, lina mikwaruzo mirefu. Nekesa anasema wachinjaji wa zamani walikuwa wananoa visu hapo. Sasa wameizungushia mnyororo mtu asiguse.

Mikwaruzo ya visu, na mnyororo juu.

Hapo nikajua nitampa nini. Nikavaa gumbuti, nikaenda Chwele.

Kila mtu Chwele anajua Bomba. Ukitaka kukutana na mtu unamwambia, tuonane Bomba. Zamani kabla ya bomba palikuwa na chemchemi, ng'ombe wa mnada walikunywa hapo, na akina mama wakaanza kuuza viazi kwa wenye ng'ombe. Soko lote lilitoka hapo. Mimi mwenyewe nimeambia watu wa bodaboda "niache Bomba" tangu bodaboda zianze. Leo nikafika, nikainua simu nipige picha.

Hakuna bomba.

Nilisimama kama mjinga. Kulikuwa na meza za viatu vya mitumba, mama mmoja anauza soksi, basi. Lile bomba liling'olewa zamani, na mimi nimepita hapo miaka yote nikiliona kichwani tu. Sikujua hata lilisimama upande gani.

Nikamtafuta Nasimiyu. Tulisoma dawati moja, sasa anauza wimbi karibu na posho mill, kile kinu cha unga. Nikamvuta mpaka kwenye zile meza za viatu.

"Bomba lilikuwa huku kwa soksi," nikamwambia.

"Wewe Nelima umezeeka vibaya. Lilikuwa pale kwa viatu."

"Unajuaje?"

"Si mimi ndiye nilichapwa pale? Matako hayasahau."

Mama wa viatu alicheka mpaka akakalia gunia. Mimi sikucheka sana.

Sasa niseme, kwa sababu hii ni shajara na nimechoka kubeba. Tulikuwa darasa la pili. Mafundi walikuwa wamemwaga simiti mbichi kuzunguka bomba, wakatukataza kukaribia. Mama yangu alikuwa ameniachia kuku wa kuuza, amefungwa kamba mguuni. Fundo likafunguka, kamba ikabaki mkononi mwangu. Kuku akatembea juu ya simiti, taratibu, kutoka upande mmoja mpaka mwingine kama mkaguzi. Mimi nikajificha nyuma ya magunia ya viazi. Nasimiyu alikuwa amesimama karibu, mikono mitupu, anashangaa kuku. Fundi akamshika yeye. Nilisikia viboko vyote na sikutoka.

Mama wa viatu akasema meza yake haijawahi kutulia, siku zote anaweka kibao chini ya mguu mmoja. Tukaisogeza. Tukakwangua matope kwa jembe la kuazima, Nasimiyu akamwaga maji. Simiti ikatokea, imepasuka, na shimo la bomba katikati. Tukaendelea kusugua kwa kiatu cha zamani. Zikatokea.

Vidole vitatu mbele, kimoja nyuma. Nyayo tisa za kuku, safi, kama amepita asubuhi.

Watu walijaa. Nilipiga picha. Ningeweza kunyamaza hapo, picha nilikuwa nayo. Lakini Nasimiyu alikuwa ameinama anazihesabu kwa kidole, na watu wanamuuliza ni kuku wa nani, naye anasema, "Wanasema wangu."

"Alikuwa wangu," nikasema. "Mimi ndiye nilimwachilia."

Hakuinua kichwa. "Najua. Fundi alipomaliza kunichapa ulitoka nyuma ya viazi na kamba mkononi."

"Miaka yote hii umejua?"

"Nilikuwa nangoja useme. Nilifikiri utaniambia ukiwa unakata roho. Umeharakisha, bana."

Tulikaa kwenye gunia lake tukala ndizi. Hakunikasirikia na hakuniambia imeisha. Alisema tu nimletee kuku, na asiwe mgonjwa. Mama wa viatu naye amehamisha meza yake hatua mbili, anasema hataki kukanyaga historia. Tazama huyo. Asubuhi hakuwa na historia yoyote.

Nimefurahi leo. Sijui kama ni haki mtu kufurahi hivi baada ya kukiri jambo kama hilo, lakini nimefurahi.

Sasa sikiza, Nekesa. Picha nimekutumia. Itundike Jumamosi karibu na ile ya visu, si kule pembeni. Chini yake andika kwa lugha yao: Kuku alikuwa wa Nelima, aliyechapwa ni Nasimiyu. Usipunguze neno. Ukimaliza, mpigie Nasimiyu wewe mwenyewe umsomee.