Muziki Mpya wa Séverin

South Beach,
Durban,
Afrika Kusini.
9 Agosti 2025

Mpendwa Mjomba Anicet,

Shikamoo, Mjomba. Habari za hapo Kigoma? Goti lako linaendeleaje, na Mama Clementina ile presha imeshuka? Sisi huku miili ni mizima, namshukuru Mungu. Saluni inatulisha, na binti yangu Tina amepata kazi kwenye duka la simu mjini. Shida ni moyo tu. Moyo wangu umevunjika, na sina wa kumwambia ila wewe.

Barua hii nimempa Marwa, yule mfanyabiashara wa hapo kwenu, kwa sababu kwenye simu siwezi kusema. Chumba chetu ni kimoja na Mama anasikia kila neno.

Ni juu ya kaka yangu Séverin. Mwaka jana tulikupigia kwamba amefariki Uswidi, moyo ulisimama akiwa kazini, na kwamba tumemzika hapa Durban. Hatukukuambia tulivyomzika.

Tulingoja karibu mwezi, maana kwa Waswidi mazishi hayana haraka. Muda wote huo Mama alilala kwenye godoro chini, na neno lake lilikuwa moja tu: anataka kuuona uso wa mwanawe. Unajua alimkabidhi kwa shemeji yake pale kambi ya wakimbizi, wakapelekwa Uswidi Séverin angali mtoto, na tangu hapo hakumwona ila kwenye simu. Kila mwaka Séverin alisema, nikimaliza muziki wa filamu hii nakuja.

Ulrika, mke wake, akatutumia ujumbe wa siku ya kumleta. Tukaenda uwanja wa ndege na gari la maiti, kwaya nzima ya Pasta Yeremia, na wanaume sita wa kubeba. Ulrika akatoka peke yake, amekumbatia mkoba. Wanaume wakawa wanachungulia nyuma yake. Pasta alipomuuliza jeneza liko wapi, maskini akafungua mkoba akatuonyesha kopo, analia. Walimchoma, Mjomba. Kwao ndivyo wafanyavyo, na siwezi kumchukia, alimpenda kaka yangu kweli. Kuuliza si ujinga, lakini kati yetu hakuna aliyeuliza, wala yeye hakujua kuna la kuulizwa.

Tukazika kopo lile katika kaburi lililochimbwa kwa ajili ya mtu mrefu. Mama hakutoa chozi. Alisema tu, "Mumeniletea majivu. Mutoto wangu iko wapi?" Siku hiyohiyo akakunja godoro la matanga, akaoga. Mimi nikadhani ni ujasiri.

Unakumbuka ulivyokuwa ukimtania, eti mpiga kinanda asiyeonekana? Ndivyo kazi ilivyokuwa. Filamu inamjia bado haina muziki, anakaa peke yake akimtazama mtu anafungua mlango, tena na tena, mpaka ajue mlango ule unataka sauti gani. Alipenda sauti za kwetu. Aliniomba nimrekodie Mama akitwanga majani ya sombe kinuni, akaitia sauti ya kinu hicho kwenye filamu ya Waswidi, watu wanatembea theluji magotini! Mama alikitambua kinu chake, akacheka mpaka akashika mbavu. "Njo kinu yangu hii!" Tangu hapo kila filamu yake aliisikiliza mpaka majina yaishe, na ole wako uizime mapema.

Sasa, mwezi uliopita Tina alituwekea filamu mpya. Muziki wake Séverin aliumaliza kabla hajafa, lakini filamu huchelewa, nayo ndiyo kwanza imetoka. Tulidhani itamfariji. Mama alisikiliza kidogo, akanishika mkono.

"Colette, muziki huu ni ya mupya. Miye sijausikiaka."

Nikasema ndiyo, Mama, ni mpya.

"Mutu alishakufa hawezi tunga muziki ya mupya. Miye nilijua. Sikuona sura yake."

Nilimweleza. Pasta alimweleza. Ulrika akamweleza kwa simu huku analia, mimi nikitafsiri, na Mama akambembeleza asilie, mume wake atarudi tu. Kisha akaniomba ninunue godoro jingine, lililo refu, kwa sababu Séverin ni mrefu. Nimelinunua, Mjomba. Ningefanyaje?

Ulrika anasema imebaki filamu moja, itatoka mwakani. Baada ya hiyo hakuna tena. Naiogopa filamu hiyo, na nauogopa zaidi mwaka utakaoifuata.

Wewe ndiye kaka yake mkubwa, na hajawahi kulikataa neno lako. Nakuomba umpigie, au ukijaliwa uje, umwambie kwamba mwanawe amekufa. Mimi hanisikii. Nataka alie, Mjomba. Sasa namlilia kaka yangu peke yangu bafuni, nimefungulia maji, kana kwamba ni mimi niliyemuua. Tukilia pamoja labda nitampata mama yangu tena.

Nisalimie Mama Clementina, Gilbert na mkewe, na Sesilia, mwambie picha za mtoto nimeziona, ni wewe mtupu. Mungu awafunike kwa mkono wake, mlale na kuamka salama.

Mama amekaa hapa pembeni, ameniona naandika. Anakusalimu sana, kaka yake. Amesema niongeze kwamba na Séverin anawasalimu wote.

Wako akupendaye,
mpwa wako Colette