Ubeti wa Mwisho wa Nazir

Nazir Sahib,

"Shairi lisilo na jina la mtunzi halina mwenyewe, anayelisoma vizuri ndiye mwenye nalo." Ndivyo alivyoandika gazetini yule mwalimu wa Ruiru, katibu wa baraza lenu la washairi wa Kiurdu. Nimeyasoma maneno hayo mara mbili nikacheka kwa hasira. Kwa hesabu hiyo, mtoto aliyeokotwa sokoni Thika hana mama.

Yeye anajua vizuri kwa nini mashairi yako hayana jina. Desturi yenu ni mtunzi kujitaja katika ubeti wa mwisho. Wewe ulikuwa karani wa serikali, na karani hachapishi neno bila ruhusa ya Bwana DC. Kwa hiyo uliziandika beti zote, ukauacha ule wa mwisho. Huo ulinisomea mimi kwa mdomo, saa ya chakula, kwenye baraza ya ofisi, kwa sababu nilikuwa mkalimani wa korti mwenye Kiurdu nilichojifunza vitani Burma. "Hii haiandikwi, Bhai Njoroge. Hii iweke wewe."

Nikaiweka. Sasa nisikilize, maana hili sijamwambia mtu.

Nilikuonea wivu. Mimi naandika gazetini kurasa nne za kuwachoma wanafiki, na kufikia Jumatatu zimefungiwa nyama. Wewe ulisema mistari miwili, ukumbi mzima wa Ruiru ukainuka: "Mukarrar! Rudia!" Mimi nilikaa nyuma karibu na mlango, Mkikuyu peke yangu, nikishika kikombe cha chai kilichopoa. Hakuna aliyewahi kuniambia nirudie kitu. Nikikulalamikia ulinicheka: "Wewe unavunja mlango, Bhai. Mimi naukwaruza tu, wenyewe wanafungua." Nilikuchukia kwa maneno hayo. Yalikuwa ya kweli.

Hata kibali changu cha kwenda Ruiru, maana Mkikuyu hasafiri bila kibali cha serikali, ulikijaza wewe kwa mwandiko uleule wa mashairi, ukakigonga muhuri. Tangu tukuzike, kwenye meza yako kuna kijana mrefu anayeniambia, "Rudi Ijumaa." Ijumaa ananiambia Jumatatu.

Mwezi uliopita nilikipata kibali, nikaenda. Mwalimu akasimama akasoma lile shairi lako la mvua juu ya mashamba ya kahawa. Hakukutaja. Akalimaliza kabla ya mwisho wake, na watu wakamshangilia yeye. Mimi nilikuwa na ubeti uliobaki hapa kifuani.

Nilinyamaza. Nilifurahi, Nazir. Nilisema moyoni: leo na Nazir hajulikani, kama mimi.

Watu walipokuwa wakitoka, mkeo akanijia mlangoni. "Bwana Njoroge, wewe ulikuwa rafiki yake. Lile si la Nazir?"

Nikasema, "Sijui, Bibi."

Sijui! Mimi, niliyewaita wakubwa waongo kwa majina yao, gazetini. Alinitazama kidogo, akajifunika mtandio vizuri, akaenda zake. Tangu hapo kila nikishika kalamu kumkaripia mtu, naliona lile jicho lake. Ningekuwa na adui mwenye kosa kama hilo, ningemla mifupa.

Basi leo nimeuandika ubeti wako uliobaki, kwanza kwa Kiurdu chenu, halafu kwa Kiswahili changu:

Nazir, kwa muhuri wako, watu wengi wamevuka;
leo wewe u langoni, muhuri nani ashika?

Na bado nakuonea wivu. Nimejaribu mara kumi kutunga mistari miwili ya namna hiyo, nimeshindwa. Lala salama, mshindani wangu. Beti zako zote za mwisho nitampelekea mkeo kwa mkono wangu, na nitamwambia kwamba nilimdanganya.

Nanyi mnaokalia viti vya mbele pale Ruiru, ninyi mliopiga makofi na mtakaoisoma barua hii gazetini: Jumapili mwalimu akisoma tena, mwacheni afike pale anapoishia, kisha mzuieni asikae. Nitakuwa mlangoni, nikiwa na kibali au sina. Nitausema ubeti uliobaki. Msinishangilie mimi. Semeni "Rudia!", nami nitarudia, nanyi mrudie pamoja nami, mpaka mke wa Nazir, atakayekuwa amekaa kule nyuma, alisikie jina la mumewe vinywani mwenu.

Njoroge,
Thika