Kesi ya Mikoba Niliyoisikiliza Bila Ruhusa Yako

Guangzhou

Mama Neema mpenzi,

Niwie radhi kwanza kwa karatasi hii. Ina nembo ya hoteli, nawe hukupenda mtu aandike jambo la maana juu ya karatasi ya kuazima. Niwie radhi pia kwa kimya changu tangu tukuzike. Si kwamba sikuwa na la kusema. Kila nilipoketi kukuandikia nilianza na "Mheshimiwa Jaji", nikacheka peke yangu, kisha kalamu ikagoma.

Leo haigomi. Nina habari njema, na sioni mwingine anayestahili kuipata kabla yako.

Neema alinileta huku Uchina akidai kwamba nyumba ya Morogoro inanizeesha. Tunakaa Xiaobei, mtaa ambao Waafrika wachache waliopo hujuana kwa majina na kwa madeni ya sukari. Ananunua mikoba ya kike kwa ubia na Zuhura, yule binti wa Unguja aliyekaa nawe hospitali siku ambazo Neema alikuwa safarini. Wanatumia chumba kimoja, sufuria moja na kontena moja. Nilipowaona hivyo niliridhika kwamba hata mimi nikiondoka, binti yetu ana ndugu.

Basi wakagombana. Mikoba ilipofika kwa wakala wa mizigo kutoka karakana ya ngozi katika mji wa Shiling, kila mmoja aliitazama, akaona humo ubunifu wake, akasema mwenzake amemwibia mtindo. Wakagawana vyombo. Zuhura akahamia chumba kingine na kuanza kutafuta mtu mwingine wa kushirikiana naye kontena. Mimi nikawa nala chakula cha mchana mara mbili, nisimwudhi yeyote.

Ndipo Bwana Salimu, huyo wakala wa mizigo, akatangaza mkahawani kwamba mume wa jaji ndiye atakayeamua. "Mzee wetu amelala na sheria maisha yake yote," alisema mbele ya watu wanaokula. "Lazima imemwambukiza!" Nisamehe, mpenzi. Niliona haya kwa niaba yako.

Nilikataa kwa adabu. Mimi ni mwalimu wa hesabu. Nilichokifahamu cha kazi yako ni kupiga pasi zile kola nyeupe, na kutouliza lolote uliporudi, maana hukunieleza kamwe kesi ambayo hujaitolea hukumu. Lakini usiku ule kumbukumbu zilinijia kwa wingi, nikafurahi kama kijana. Nilikuona tena Kilosa, hakimu mpya, mwembamba, na yule mshtakiwa aliyekuuliza, "Dada, hakimu anafika saa ngapi?" Ukamjibu, "Ameshafika. Simama vizuri." Nikakuona siku ulipoapishwa kuwa Jaji wa Mahakama Kuu, baba yako akiuliza kwa kunong'ona kama sasa serikali itakuruhusu kupika. Ukamjibu, "Mwalimu ndiye anayepika, Baba. Mimi nitaendelea kula."

Nikakumbuka pia vikao vya Tabora na Songea, nilipokufuata wakati wa likizo za shule nikaketi benchi la nyuma. Uliwauliza wazee wa baraza maoni yao, mmoja baada ya mwingine, kabla hujafungua kinywa chako. Na penye ubishi wa mpaka uliihamisha mahakama nzima, mawakili na majoho yao, hadi shambani, ukavua viatu na kulivuka tope wa kwanza. Jioni ukiandika hukumu ulikuwa ukisema, "Naandikia aliyeshindwa, Mwalimu. Aliyeshinda hata haisomi."

Asubuhi nilikubali.

Nilimteua Bwana Salimu kuwa mzee wa baraza, pamoja na Mama Kulwa mwenye mkahawa. Tukakaa meza ya mwisho. "Mzee wangu, shikamoo," Zuhura alianza, machozi karibu. "Mie wa kuiba, mie? Mkanda huu wa kusukwa nimeubuni mwenyewe!" Neema akaruka: "Baba, muulize na kimfuko cha ndani chenye zipu kakitoa wapi!" Nikagonga meza kwa kijiko. Kila mmoja akasema hadi akamaliza, kama ulivyotaka siku zote. Kisha nikawauliza wazee. Bwana Salimu akampa haki Zuhura, ambaye ni wa kwao. Mama Kulwa akampa haki Neema, ambaye anamwita mwanangu. Wote wakanigeukia, nami nikajua kwamba neno langu moja lingemkosesha binti yetu dada yake.

Nikasema, "Mahakama inahamia Shiling."

Tulikodi gari. Mwenye karakana, ambaye hapa wote humwita laoban, alitupokea kwa chai na furaha isiyo na hatia. Alipoonyeshwa mkoba alipanda kiti, akateremsha sampuli mbili kutoka rafu ya juu: moja ina mkanda wa kusukwa, nyingine ina kimfuko cha zipu. Neema, anayejua Kichina kidogo, alisikiliza, akainamisha uso kwa haya. "Anasema... anasema kwani sisi si huwa tunakuja pamoja siku zote? Akajua ni duka moja. Akachukua kizuri cha huyu na kizuri cha huyu, akaviunganisha."

Kila mmoja alikuwa amepeleka sampuli yake kwa siri, ili kumfurahisha mwenzake.

"Loo!" akasema Zuhura. "Na mie nimekwishakutukana kwa shangazi zako wote!" Wakaangukiana mabegani, wakicheka na kulia, laoban naye akicheka bila kujua sababu. Nami nilikuwa nimejiandaa kumwandikia aliyeshindwa, na kumbe hayupo. Nikageuka kando kukuambia, Mama Neema. Niligeuka kabisa. Nikakuta ukuta na ngozi zinazoning'inia... Basi. Nilifuta miwani, nikarudi kucheka nao.

Jioni hiyo Zuhura alirudisha godoro lake. Kontena limefungwa likiwa moja. Na kwa kuwa Kariakoo mkoba usio na jina haununuliwi, wale wawili wameupa huu jina la Jaji. Nakuomba radhi, sikuwazuia. Wanawake watauliza dukani, "Jaji mweusi yupo?" nao watajibiwa kwamba yupo, na wa kahawia yupo pia.

Pumzika kwa amani, Mheshimiwa wangu. Nakuahidi kwamba Jumapili yangu ya kwanza nyumbani nitaingia kanisani na Jaji mkononi, mzee mzima na mkoba wa kike, nitapita katikati hadi benchi la mbele, na anayetaka kucheka nitamsubiri amalize.

Mumeo mtiifu,
Mwalimu