Cherehani Zilizokanyagwa Bila Uzi

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: kama lilivyo kwenye kitambulisho. Mtaani naitwa Bibi Pindo.
Umri: miaka 79.
Kazi: mshonaji. Afisa aliandika "mstaafu", nimemwambia afute.
Makazi: nyumba ya kona, nyuma ya stesheni ya zamani.

Naeleza niliyoyaona kwa macho yangu. Nimemwomba afisa asinikatize, maana nikikatizwa naanza upya.

Mnamo tarehe 14 mwezi huu, Jumamosi, saa kumi jioni, nilikuwa nyumbani kwangu, chumba cha kushonea. Walikuwepo wifi yangu, mjukuu wangu anayetengeneza filamu za mambo ya kweli, na kijana wake wa kamera. Filamu ya sasa ni ya vile vita vyetu, ambavyo watu huvitaja kwa kunong'ona kana kwamba vimelala chumba cha pili. Nilimwambia atafute habari za harusi, ziko nyingi. Hasikii. Amenirithi.

Wakati wa vita chumba hicho kilikuwa na cherehani sita. Tulishona sare za jeshi, na chini ya meza ya kukatia, nyuma ya kitambaa kilichofika sakafuni, tulificha watoto wa kiume, maana walikuwa wanazolewa kupelekwa vitani. Doria ikitokea kona, aliyekaa dirishani alianza kukanyaga cherehani yake bila uzi, nasi wote tukafuata. Kelele ile iliwaambia watoto wanyamaze, na ikameza kikohozi cha asiyeweza kunyamaza. Huyo alikuwa mmoja, mwenye pumu. Siku hizi anaitwa Fundi Saa na kibanda chake kipo barazani kwangu. Ndiye mliyemfungia humu ndani.

Asiseme mtu kwamba tulikuwa tunalia tu. Tulicheka mno. Nilikuwa msichana wa ishirini na kitu, kiuno kipo, na chumba kinanukia mafuta ya mashine na pasi ya mkaa. Wifi alikuwa akimwigiza sajini anayepimwa suruali, amebana pumzi ili tumbo lisionekane, mpaka watoto wanacheka huko chini na meza inatikisika. Mume wangu alikuwa hai. Kwa chumba kile ningerudi hata leo, vita vikibaki nje.

Basi mjukuu akasema, "Bibi, naomba ile sauti. Kanyageni kama zamani."

Wifi akasema, "Magoti ya zamani nayo umekuja nayo?"

Nikamwambia, "Kaa hapo, wewe. Kulalamika tu ndiko usikochoka."

Cherehani zimebaki mbili. Tukachomoa uzi, tukakanyaga. Miguu ilikumbuka yenyewe. Nilifumba macho, nikawasikia wote waliokuwa wakikaa pale. Kumbe hakuna aliyetoka kumwambia Fundi Saa kwamba ni mambo ya filamu. Kosa hilo ni letu, siyo lake.

Aliingia mbio, lenzi yake ya kutazamia saa ikiwa bado jichoni. Sisi hakututazama. Alimshika mjukuu wangu mabega, akamsukuma chini ya meza, akaingia naye, akamziba mdomo kwa kiganja. Kamera ikaanguka. Yule kijana akapiga kelele kwamba bosi wake anauawa, akawapigia nyinyi simu.

Niliinama, nikafunua kitambaa. Mjukuu alikuwa ametoa macho. Fundi Saa alikuwa anamnong'oneza, "Usikohoe. Mama atatuambia wakipita." Mama huyo ni mimi. Ndivyo nilivyokuwa nikimziba mdomo yeye, kwa kiganja hiki hiki.

Nikasema, "Wameshapita, mwanangu. Tokeni."

Akamwachia papo hapo. Akajipangusa vumbi, akaiona kamera sakafuni, akauliza nani ameivunja.

Afisa anasema hilo ni shambulio. Mjukuu ana alama shavuni, sikatai. Lakini nani humshambulia mtu kwa kumficha? Aliyelalamika ni kijana wa kamera, ambaye vita amevisikia redioni. Mjukuu mwenyewe amesema, "Bibi, alikuwa ananilinda." Nimemwambia akalieleze hilo kwa afisa, mimi nalijua. Akaniuliza kama picha ya tukio lile inaweza kuingia kwenye filamu. Nimemwambia akamwulize mwenyewe, akiwa nje, amekaa kwenye kiti chake, ameshakula.

Naomba aachiwe. Pumu yake haipatani na sakafu ya saruji. Na mlango wa mahabusu usifunguliwe kwa kishindo. Mwiteni kwanza, aitike, ndipo mfungue.

Hayo ndiyo niliyonayo. Nimesomewa, ni maneno yangu, hayakuongezwa wala kupunguzwa.

Dole gumba la kulia la shahidi.

Maelezo yamechukuliwa nami, koplo wa zamu, saa moja jioni. Shahidi amesomewa na kukubali, isipokuwa neno "mshambuliaji", ambalo ameagiza lifutwe. Nimelifuta. Mjukuu wake ameandikisha kwamba hana malalamiko. Shahidi ameambiwa anaweza kwenda nyumbani. Amekaa kwenye benchi na kusema ataondoka na mtu wake. Nimekwenda mahabusu. Nilimwita kwanza. Ameitika.