CD za Olima zimeenda shamba

Sheila, huwezi amini yaliyompata Olima wetu leo hapa Nyamongo.

Unakumbuka wachimbaji walivyogombania CD zake za filamu za kukodi, kabla simu hazijammaliza? Leo kaingia dukani kwake mama mmoja wa kijiji cha Genkuru anataka mfuko mzima. Mfuko mzima, Sheila.

Olima anazifuta vumbi. "Shikamoo mama. Nikupe za mapenzi au za vita?"

"Marahaba. Zozote zinazong'aa. Nazitundika shambani, ndege wananimalizia mtama."

Zinazong'aa.

Nikajua atalia. Kumbe kajikaza, sauti ileile ya zamani: "Hapa hatuuzi mama, tunakodisha. Utarudisha ukishavuna."

Kamchagulia za vita, eti ndege wataogopa.

Halafu kamkimbilia mpaka barabarani. "Mama, usizikwaruze."